Kutajwa

Leo tena imetajwa.
Karani kasoma nambari, mawakili wakainuka,
jaji akafunua shajara yake,
wakatafuta tarehe kama watu watafutao makubadhi
mlangoni mwa msikiti baada ya Ijumaa:
hii si yangu, ile si yako,
hata wakaipata moja, mwezi wa kumi, tarehe tisa.
Dakika nne.
Nauli ya kutoka Mikindani sijaihesabu.

Nilikuwa wa kwanza kati ya kumi na sita.
Themanini na moja kwa mia, waliandika kwa wino wa buluu,
na mwenyekiti akanipa mkono: "Karibu nyumbani, Mejumaa."
Barua ikaja na muhuri wake.
Meneja wa Mikopo, Ushirika wa Akiba wa Wapakuzi,
kuanzia Jumatatu.
Jumapili nikaenda Mwembe Tayari kununua viatu,
vyeusi, visigino vifupi,
nusu taslimu, nusu mwisho wa mwezi.

Jumatatu, saa mbili kasoro robo,
askari wa mlangoni akaninyoshea karatasi
mahali pa ufunguo.
Zuio la muda.
Muda:
neno la herufi nne
na miezi kumi na mitatu.

Kupitia kioo nikakiona kiti,
cha magurudumu, bado kimevaa nailoni ya dukani.
Sasa hukikalia kaimu.
Nailoni hajaivua.
Akigeuka, nasikia mpaka kaunta
inavyolia kwaru, kwaru.

Mtaani huniuliza, umefutwa?
Sijafutwa.
Basi umeajiriwa?
Mama hunijibia, huku akipepeta mchele:
"Kazi anayo, ila iko kortini,"
kama vile kazi ni kijana wa watu
aliyezolewa na polisi usiku
na asubuhi atatoka kwa dhamana.

Kwenye faili mimi ni Mjibu Maombi wa Nne.
Wa kwanza bodi, wa pili mwenyekiti, wa tatu serikali.
Hutajwa kesi. Jina langu halitajwi.

Na mimi ni mwanachama, nambari 2217,
tangu nilipokuwa keshia pale ghalani Shimanzi.
Elfu mbili kila mwezi, haikukosa.
Wakili wa bodi hulipwa humo.
Kila akisimama kuomba siku nyingine,
koti lake jeusi
lina uzi wangu mmoja au miwili.

Aliyeshtaki anaitwa Chengo Karisa.
Nilimtarajia mtu mkubwa, mwenye gari.
Nikamkuta kwenye benchi la ukumbini,
mwendesha winchi mstaafu, sikio la kushoto halisikii,
katiba ya ushirika kaitia mfuko wa plastiki
pamoja na vidonge vya presha.
Akanisogezea njugu.
"Sina ubaya nawe, binti.
Tangazo lilikaa ukutani siku tatu.
Kanuni yasema kumi na nne.
Leo tatu, kesho moja,
kesho kutwa wataajiriana kwa simu."

Nilikuwa nimemwekea maneno, mwaka mzima.
Nikayatafuta,
nikaona nimeshika njugu mkononi.
Maana tangazo lile mimi nililiona siku ya pili,
nilipokwenda kuweka hisa, kwa bahati tu.
Walioweka hisa siku ya nne
walikuta ukuta na alama ya gundi.

Je, themanini na moja yangu ni ya haramu?
Wakili wangu hasemi. Ananukuu vifungu.
Chengo hasemi. Anatafuna, anatazama mlango.
Nami nikiyataka yote mawili,
kiti kile na siku zile kumi na nne,
nitasimama upande gani wa ukumbi?

Viatu vimeisha soli.
Vyazijua ngazi za korti,
za ofisini havijazikanyaga.

Tarehe tisa. Nimeizungushia duara
kwenye kalenda ya ushirika wenyewe,
ile wanachama tunayogawiwa bure mwezi wa Disemba:
mikono miwili imeshikana, imekatwa kwenye vifundo,
hujui ni ya nani,
hujui ni salamu
au mmoja anamzuia mwenzake asipite.